Mikono ya Kunduchi, Ghorofa za Kariakoo

Anayetoka Magomeni kwa miguu kwenda Kariakoo hana budi alivuke bonde la Jangwani. Mbele yake Kariakoo imesimama kama makasha yaliyopandanishwa, na katikati ya bonde ndipo unapopita mto Msimbazi. Siku za kiangazi mto huo hujipitia chini kwa chini, maji yake haba na machafu. Mvua zikinyesha kwa nguvu huja kudai uwanja wake wote, kama ulivyodai Desemba 2011, hata wakaazi wengi wa mabondeni wakahamishiwa Mabwepande. Humo mtoni, miaka nenda miaka rudi, wamekuwapo watu wa kuchota mchanga wa kujengea. Kaskazini ya mji, Wazo Hill, kiwanda cha saruji kilianza kazi mwaka 1966. Na jirani ya Wazo, huko Kunduchi, yako machimbo ya mawe ya matumbawe, ambamo jiwe hupasuliwa na kupasuliwa tena mpaka likawa kokoto. Mchanga, saruji na kokoto: Dar es Salaam ya zama hizi imetoka katika vitu vitatu hivyo, ukiongeza nondo na maji.

Kariakoo haikuzaliwa na zege. Jina lake limetokana na Carrier Corps, kikosi cha wapagazi wa jeshi la Uingereza katika Vita Vikuu vya Kwanza. Wakoloni walipougawa mji kwa kanda, Wajerumani kwanza kisha Waingereza, upande huu ukawa wa Waafrika, na uwanda wa Mnazi Mmoja ukaachwa wazi baina yao na mitaa ya Wahindi. Nyumba zilizoruhusiwa zilikuwa za kienyeji: ile nyumba ya Kiswahili ijulikanayo, ukumbi mrefu katikati, vyumba huku na huku, baraza mbele na ua nyuma. Milango ya biashara ilipofunguliwa katika nusu ya pili ya miaka ya 1980, nyumba hizo zikaanza kuvunjwa moja baada ya moja. Palipokuwa na baraza pakaota nguzo, na juu ya nguzo ghorofa, na juu ya ghorofa ghorofa.

Fundi wa zege ana mizani yake, nayo haitofautiani sana na mizani ya mshairi kwa ukali wake: moja, mbili, nne. Ndoo moja ya saruji, mbili za mchanga, nne za kokoto. Maana yake ni kwamba katika kila sakafu tunayoikanyaga, kilicho kingi kuliko vyote ni yale mawe madogo. Saruji ina kiwanda na nembo ya twiga kwenye mfuko. Mchanga una mto. Kokoto zilikuwa na nani?

Mwaka 1992 swali hilo lilipata jibu la dakika 45. Flora M'mbugu-Schelling, mwanamke Mtanzania, aliipeleka kamera katika machimbo ya Kunduchi akawapiga picha wanawake wanaovunja mawe kwa nyundo. Filamu hiyo ilitoka kwa jina la Kiingereza, These Hands, na kwa jina hilo ndiyo inavyojulikana katika vyuo na maktaba za nje.

Anayejaribu kulirudisha jina hilo katika Kiswahili hukuta jambo dogo la kumfikirisha. Lugha yetu inamlazimisha msemaji apime umbali wake na kila kitu anachokionyesha: hii, hiyo, ile. Mikono hii ni ya karibu, mikono hiyo imekwisha kutajwa au iko kwako wewe unayesikiliza, mikono ile iko mbali na sote. Filamu nyingi zilizotengenezwa kuhusu watu wa Afrika Mashariki zilikuwa filamu za mikono ile. M'mbugu-Schelling alichagua hii, na uchaguzi huo haukuishia kwenye jina.

Kinachoonekana katika filamu hiyo kinaweza kuelezwa kwa maneno machache. Wanawake wameketi chini, katika mawe, jua likiwa juu yao. Jiwe linashikwa kwa mkono mmoja, nyundo inashuka kwa mkono wa pili. Lundo la kokoto linakua polepole mno. Watoto wako papo hapo, kwa kuwa hakuna mahali pengine pa kuwaacha, na mtoto anayekulia penye nyundo haichelewi nyundo kuingia mkononi mwake. Kisha kuna wakati kazi inasita, wimbo unainuka, miili iliyokuwa imejikunja inanyooka na kucheza ngoma. Halafu nyundo zinarudi.

Hakuna msimulizi. Hapa ndipo penye uzito wa filamu hii, na ili uzito huo uonekane inafaa kurudi nyuma kiasi cha miaka 57, mpaka milima ya Usambara.

Mwaka 1935, mahali paitwapo Vugiri, si mbali na Korogwe, kilianzishwa kituo cha majaribio ya filamu kwa ajili ya Waafrika, kikigharamiwa kwa sehemu kubwa na mfuko wa Carnegie wa Marekani. Waongozaji wake walikuwa Waingereza wawili, L. A. Notcutt na G. C. Latham. Kwa muda wa miaka miwili hivi zikatengenezwa filamu zipatazo 35, wenyeji wakiwa waigizaji wake, za kufundisha kilimo, afya, kuweka akiba na mengineyo. Picha zilikuwa bubu. Sauti iliwekwa mbali, katika sahani za santuri, kwa Kiswahili na lugha nyingine, ikachezwa sambamba na picha wakati wa maonyesho katika nchi za Afrika Mashariki na ya Kati. Kwa hivyo mtu wa Vugiri aliyeonekana akipanda mbegu hakusikika akisema neno. Aliyesema ni mwengine, na alisema juu yake.

Mpango ule ulikoma mwaka 1937, lakini desturi haikukoma. Mwaka 1939 serikali ya Uingereza iliunda idara maalumu ya filamu za makoloni, na mkuu wake, William Sellers, akaweka nadharia yake kuhusu macho ya Mwafrika. Alishikilia kwamba mtazamaji wa Kiafrika hawezi kufuata picha zinazobadilika upesi. Filamu yake lazima iende taratibu, mkato usiwe wa ghafla, na penye onyesho asimame mfasiri mwenye kipaza sauti kueleza kinachotokea. Gari la sinema likaingia vijijini na katika viwanja vya miji, shuka jeupe likatandazwa, jenereta likanguruma, na sauti ikaanza. Wazee wa pwani waliozikumbuka jioni zile walizisifu kwa vicheko vyake. Watu walicheka pasipotakiwa kuchekwa, na mfasiri hodari alijua kuongeza chumvi ambayo ofisi haikuitia.

Katika wafanyakazi wa serikali waliosafiri na sinema hizo alikuwamo kijana kutoka Songea, Rashidi Mfaume Kawawa, mtumishi wa idara ya maendeleo ya jamii. Kampuni ya Afrika Kusini ilipokodiwa kutengeneza filamu za Kiswahili nchini Tanganyika, Kawawa akatoka upande wa kipaza sauti akaingia ndani ya picha: ndiye aliyekuwa nyota wa Muhogo Mchungu ya mwaka 1952, kisa cha mtu wa shamba anayekuja mjini Dar es Salaam na kuonjeshwa ujanja wa mji. Watoto waliozaliwa baada ya uhuru walimjua kama Waziri Mkuu, kisha Makamu wa Rais, Simba wa Vita. Wachache walijua kwamba uso wake ulikwisha kutembea juu ya shuka jeupe kabla haujatembea katika magazeti. Alifariki tarehe 31 Desemba 2009.

Uhuru ulipokuja sauti ilibadilika lafudhi, mahali pake pasibadilike. Kampuni ya Filamu Tanzania iliundwa mwaka 1968, na katika miaka ya 1970 ikapatikana Taasisi ya Sauti na Picha, kwa msaada wa Denmark. Filamu zilizotoka huko nyingi zilikuwa za kuhimiza: lima, jenga, hamia kijijini, jifunze kusoma. Fimbo ya Mnyonge, iliyotoka katikati ya miaka hiyo, ilikuwa na hadithi na waigizaji, lakini iliandaliwa kuitetea siasa ya Ujamaa, na haikuficha. Si haki kuzidharau kazi hizo. Zilifanywa na watu walioamini wanachokisema, wakiwa na vifaa vichache na mkanda wa kigeni unaonunuliwa kwa fedha za kigeni. Hata hivyo mkulima katika filamu hizo aliendelea kuwa mfano wa jambo jingine. Alionyeshwa ili jambo lisemwe.

Nje ya Tanzania swali la sauti lilikuwa limekwisha kuwaka. Mwaka 1965, katika mazungumzo yao yaliyochapishwa, Ousmane Sembène wa Senegal alimwambia Jean Rouch, Mfaransa aliyetumia umri wake kupiga filamu za makabila ya Afrika Magharibi, kwamba nyinyi mnatutazama kama wadudu. Rouch alikuwa mpenzi wa Afrika kweli kweli, wala Sembène hakulikataa hilo. Alichokikataa ni ule umbali, jicho linalomtazama mtu bila kutarajia kwamba naye atanena.

Karibu zaidi na kwetu, mwaka 1968, Mmarekani David MacDougall alikwenda Karamoja, Uganda, pamoja na mkewe Judith, wakaishi na wafugaji wa Kijie. Filamu iliyotoka huko, To Live with Herds, ilikamilika mwaka 1972, nayo ilifanya jambo ambalo leo laonekana dogo. Wajie waliachwa wazungumze, na maneno yao yakaandikwa chini ya picha kwa tafsiri. Mzee akilalamikia serikali, mtazamaji alisoma lalamiko lake mwenyewe, badala ya kusikia Mzungu akieleza kwamba watu hawa wana malalamiko. Baadaye wakafanya hivyo hivyo kwa Waturkana wa Kenya katika filamu tatu, ya mwisho mwaka 1981. Mfasiri yeyote atayaona matendo hayo kuwa ni ya kikazi kabisa: kumwacha mwenye maneno awe na maneno, na mfasiri akae chini yake, katika mstari mwembamba.

M'mbugu-Schelling alikwenda hatua nyingine. Wanawake wa Kunduchi hawakuhojiwa ili wajieleze, kwani mtu anayejieleza mbele ya kamera huwa tayari ameitwa mahakamani. Aliacha nyundo ziseme. Anayeketi kuitazama filamu hiyo kwa mara ya kwanza huchoka baada ya dakika kumi, hutazama saa yake baada ya ishirini, na huko kuchoka kwake ndiko kunakomweleza kuwa ameketi kitini, kivulini, na wao wako juani tangu asubuhi.

Na tazama jinsi historia inavyojipinda. Sellers alitaka filamu ya Mwafrika iwe ya taratibu kwa sababu alimdhania Mwafrika kuwa mzito wa kuelewa. M'mbugu-Schelling aliifanya filamu yake iwe ya taratibu kuliko zote alizoziwaza Sellers, na sababu yake ilikuwa nyingine kabisa: kuvunja jiwe ni kazi ya taratibu. Anayeiharakisha kazi hiyo katika picha anamwibia mfanyakazi kwa mara ya pili. Mara hii mzito wa kuelewa ni mtazamaji, popote alipo, London au Upanga.

Hakuifikia njia hiyo kwa siku moja. Mwaka 1987 alikuwa ametoa Kumekucha, filamu fupi kuhusu siku ya mwanamke wa Tanzania inayoanza jua linapochomoza na kutokwisha linapozama: maji, kuni, jembe, mtoto, sufuria. Mwaka 1993, baada ya ile ya Kunduchi, orodha za filamu zamwekea nyingine, Shida and Matatizo. Ni kazi chache kwa idadi, kama ilivyo kwa wengi wa kizazi chake. Martin Mhando, aliyetoa Yomba Yomba mwaka 1985 na Mama Tumaini mwaka 1986, alikuja kushirikiana na Ron Mulvihill katika Maangamizi, iliyotoka mwaka 2001. Ndivyo filamu zilivyopatikana Tanzania katika miaka ile, kwa vipindi vya miaka mingi, kama mvua za nchi kame. Ndani ya uchache huo, mama anayefuata mada moja, kazi ya mikono ya wanawake, filamu baada ya filamu, anastahili kuitwa mwenye njia yake.

Wanawake aliowakuta Kunduchi wengi walikuwa wakimbizi kutoka Msumbiji, Wamakonde. Hapo kuna historia inayohitaji kukumbushwa. Wamakonde walianza kuvuka mto Ruvuma zamani, wengi wakienda kwenye mashamba ya mkonge. Frelimo iliundwa Dar es Salaam mwaka 1962, na Eduardo Mondlane aliuawa kwa bomu katika mji huo huo tarehe 3 Februari 1969. Uhuru wa Msumbiji ulipopatikana mwaka 1975 vita vingine vikafuata upesi, navyo havikusimama mpaka mkataba wa Roma wa tarehe 4 Oktoba 1992, mwaka ule ule wa filamu. Dar es Salaam iliyajua mawili juu ya Wamakonde: vita vyao, na vinyago vyao. Mikono ya Mmakonde ilikuwa maarufu duniani, mradi iwe imeshika patasi na gogo la mpingo. Vinyago hivyo viliwekwa madirishani, vikapigiwa picha, vikafungwa kwa karatasi na kupelekwa uwanja wa ndege. Mikono ya wake na dada za wachongaji, iliyoshika nyundo kilomita chache kutoka vibanda vya vinyago vya Mwenge, haikuwa na dirisha la kuwekwa.

Kunduchi yenyewe si mahali pa kubahatisha. Msomaji wa pwani atakumbuka magofu yake, msikiti wa kale na makaburi yenye minara, mengine yaliyotiwa sahani za kauri za China. Wajenzi wale walikata jiwe lile lile la matumbawe na kulichoma kupata chokaa yake. Wanahistoria wameandika juu ya mwenye kaburi na juu ya sahani. Aliyelivunja jiwe la msikiti hakuandikwa, na kwa karne kadhaa mambo yalibaki hivyo, mpaka ikaja kamera.

Wapenzi wa mashairi watayasikiliza zaidi masikio yao kuliko macho katika filamu hii. Pwani yetu ina nyimbo za kazi zisizohesabika. Wakulima walikuwa na wawe zao wakati wa kufyeka na kuchoma shamba, mabaharia na wavuvi walikuwa na kimai, na mchi haujapata kutwanga kimya. Katika nyimbo hizo kazi hutoa mizani na wimbo hujaza maneno: mchi ukianguka ndipo silabi inapoanguka. Lakini kuvunja kokoto hakuna pigo moja. Kila mwanamke ana nyundo yake, jiwe lake na mwendo wake, kwa hivyo sauti za machimbo zinagongana ovyo. Mtu anayetafuta vina ndani yake hatavipata. Ndiyo maana wimbo unapoinuka katika These Hands unatikisa moyo: haukutoka kwenye kazi, umetoka dhidi yake. Nyundo zingali zikiwatenganisha, kila mmoja na lundo lake, kwa kuwa malipo ni kwa lundo. Sauti inawakusanya. Mmoja anaanzisha, wengine wanaitikia, na kwa muda mfupi machimbo yanakuwa uwanja wa ngoma.

Waliomlaumu mtengenezaji walikuwa na hoja, nayo haifai kufichwa. Yeye hakuvunja mawe. Alikuwa mtu wa kusoma, mwenye kamera, akaja akaondoka, na wanawake wakabaki na nyundo zao. Filamu ilikwenda kwenye matamasha na ikasambazwa na California Newsreel ya San Francisco, ambako wanafunzi wa vyuo wameiandikia insha. Yawezekana pia kusema kwamba ukimya wake unampa mtazamaji wa mbali nafasi ya kuona urembo tu: vumbi katika mwanga, khanga katika mawe. Jawabu la hoja hiyo halipatikani kwa kuisifu nia ya mtengenezaji. Linapatikana katika urefu wa picha. Urembo huchosha ukitazamwa dakika 45, na kinachobaki urembo unapokwisha ni mkono, na kidole kilicho karibu mno na mahali nyundo inaposhukia.

Suala gumu zaidi ni la hapa nyumbani. Zanzibar ilikuwa na televisheni, tena ya rangi, tangu mwanzoni mwa miaka ya 1970, lakini Tanzania Bara haikuwa na kituo hata kimoja mpaka mwaka 1994. Majumba ya sinema ya Dar es Salaam yaliishi kwa filamu za Kihindi, za Kimarekani na za karate, na mwaka 1992 yalikuwa tayari yanakohoa kwa sababu ya kaseti za video. Tamasha la Nchi za Jahazi halikuwa limezaliwa: maonyesho yake ya kwanza yalifanyika Zanzibar mwaka 1998. Filamu kuhusu kokoto za Dar es Salaam ilikuwa na njia pana zaidi ya kwenda California kuliko ya kwenda Kariakoo.

Kariakoo nayo ilikuwa na sinema yake, ambayo hakuna balozi aliyeifadhili. Katika miaka ya 1990 na 2000 mitaa yake ilikuwa soko kuu la kanda, na vibanda vya video vilitapakaa mji mzima, benchi kadhaa, runinga moja na pazia mlangoni. Humo ndimo lilipopata umaarufu jina la Lufufu, yaani Derek Mukandala, aliyetia sauti ya Kiswahili juu ya filamu za kigeni. Alitafsiri, alifafanua, alitia methali, aliwagombeza wahusika na kuwapa majina ya mtaani. Mkufunzi wa kung fu aliongea kama mzee wa Manzese. Yule mfasiri wa gari la sinema, aliyepewa kipaza sauti ili aeleze mawazo ya serikali, alikuwa amerudi, mara hii bila serikali, akieleza anavyotaka mwenyewe. Watu walilipa ili wamsikie yeye kuliko kuitazama filamu yenyewe.

Kwa hivyo mji mmoja, katika muongo mmoja, ulizaa majibu mawili kwa santuri za Vugiri. Lufufu aliichukua sauti iliyowekwa juu ya picha za watu, akaipindua, akaiweka sauti ya watu juu ya picha za wengine. M'mbugu-Schelling aliiondoa kabisa, akasubiri aone nini kitasikika. La kwanza lilikuwa na wateja kila jioni. La pili lilikaa ng'ambo, katika makabati ya vyuo, pamoja na jina lake la Kiingereza. Laiti yangekutana. Mtu anaweza kuliwazia benchi la kibanda cha video, These Hands ikionyeshwa, na Lufufu, kwa mara moja katika maisha yake, ameshika kipaza sauti bila kusema.

Mawe yameendelea kuvunjwa. Mashine za kusaga kokoto zimeongezeka, na malori hupanga foleni kwenye machimbo makubwa, lakini nyundo na karai havijatoka katika pembe za miji ya Afrika Mashariki, wala vile vipande vya mpira wa tairi ambavyo wavunjaji hulizungushia jiwe ili lisiruke na kidole kisipondwe. Kariakoo nayo imeendelea kupanda. Soko lake kuu, lililobuniwa na Beda Amuli na kufunguliwa mwaka 1975, lenye paa la zege lililochanua kama miavuli ya kukinga maji ya mvua, liliungua usiku wa tarehe 10 Julai 2021, na likajengwa upya. Pembeni yake nyumba za Kiswahili zimebaki za kuhesabika.

Asubuhi ya Jumamosi, tarehe 16 Novemba 2024, jengo moja la ghorofa katika mitaa hiyo liliporomoka likiwa na watu ndani. Kabla vyombo vikubwa havijafika, wachuuzi, wapita njia na wenye maduka ya jirani walipanda juu ya kifusi, wakainama, wakaanza kulivunja zege kwa nyundo na kuondoa kokoto kwa mikono mitupu, wakinyamazishana kila baada ya muda ili wasikie kama kuna mtu anayegonga kutoka chini.